Jicho Langu Halimkonyezi Mtu

Nianze na jambo ambalo asiyeshinda Kariakoo hawezi kulijua: kwetu sokoni kukonyeza ni kazi. Winga, yaani yule kijana anayemdaka mteja barabarani na kumleta dukani kwako, hana duka wala mshahara. Anaishi kwa cha juu, ile pesa inayozidi bei ya duka. Akikuletea mteja anasimama nyuma yake, na mteja akiuliza bei, winga anakukonyeza. Maana yake ni kwamba utaje bei ambayo na yeye yumo ndani. Wateja wa siku nyingi wanaujua mchezo huo, ndiyo maana unapowatajia bei hawatazami kitenge, wanakutazama wewe machoni.

Sasa hebu nifikirie mimi, Aika, binti wa muuza vitenge vya jumla, nimesimama nyuma ya kaunta na jicho la kulia linalokonyeza lenyewe.

Naandika haya kwa ajili yako ambaye jicho, shingo, bega au koo lako linafanya mambo bila kukuomba ruhusa, au mwanao ndiye yuko hivyo na umechoka kueleza watu. Mimi si daktari. Ninachokijua ni nilipopita mwenyewe, na nimepita kichwa juu, kwa hiyo utanisamehe nikijisifu kidogo.

Lilianza shule ya msingi. Kwanza jicho, kisha shingo ikaanza kurushwa upande, kisha koo likawa linakoroma kama nimekwamwa na mwiba wa samaki. Mwalimu mmoja alinichapa akidhani namdharau. Nilivalishwa miwani ambayo macho yangu hayakuihitaji. Niliombewa kanisani hadi mchungaji akachoka. Bibi yangu kule Machame alisema shangazi yake alikuwa hivyo hivyo, na aliolewa na akazaa, kwa hiyo tuache kelele. Nilipokuwa mtu mzima nilipewa dawa zilizonituliza sana, lakini pia zilinilaza mchana na kuninenepesha mpaka magauni yakagoma kufunga zipu. Sikatazi dawa. Wapo zinaowasaidia vizuri, na hilo ni la wewe na daktari wako. Mimi zilinishinda.

Kwa hiyo nilizoea. Niliacha kuvaa hereni ndefu, maana shingo ikirushwa zilinichapa shavuni. Nilijifunza kukaa kanisani kwenye benchi la nyuma. Niliwahi hata kufuatwa kutoka Msimbazi hadi mlangoni kwetu Ilala na mwanaume aliyeapa kwamba nimemwita kwa jicho, na Mama akamtoa mbio na mwiko wa ugali. Jicho langu halijawahi kumkonyeza mtu kwa makusudi, ila limeniletea kesi nyingi kuliko la malaya yeyote.

Kesi kubwa ilikuja msimu wa masika. Mama Tumaini, mteja wa Baba kutoka Songea, anayechukua vitenge kwetu tangu mimi ni msichana lakini siku zote kwa mkono wa Baba, aliingia dukani na maji ya mvua mpaka kwenye magoti. Nyuma yake alikuwa Chande, winga wa kona yetu, ambaye hakumleta bali alijishikiza tu kwake njiani. Mama Tumaini akagusa jora la kijani, akaniuliza bei, na jicho langu likafanya yake.

"Hivi mnanionaje?" alisema. "Nakuuliza bei, wewe unakonyezana na winga?"

"Mama yangu, sijamkonyeza mtu. Jicho langu ndivyo lilivyo."

Na lilipokuwa linatetewa hivyo, likakonyeza tena.

"Ona! Hata aibu huna. Miaka yote hii kumbe mnanipiga!"

Aliacha kila kitu juu ya kaunta akatoka kwenye mvua. Baba hakunigombeza. Baba yangu si mtu wa kelele. Alikunja lile jora la kijani polepole, akaniambia, "Mwanangu, kapumzike juu kidogo."

Juu ni stoo. Unapanda ngazi ya chuma iliyosimama kama ukuta, unafika kwenye chumba cha bati chenye marobota hadi darini. "Kidogo" cha Baba kilianza masika na kikaingia hadi kipupwe. Nilihesabu mzigo, nikapanga mzigo, nikateremsha mzigo. Chini nilisikia wateja wangu wakiniulizia, na Baba akiwajibu kwamba niko juu, nina shughuli. Yeye, mwenye magoti yaliyochoka, alisimama kaunta kutwa nzima ili mimi nisionekane. Usiku alikandwa magoti na Mama kwa maji ya moto. Halafu akaanza kumtaja binamu yangu wa Moshi, kijana mchangamfu, kwamba tukirudi kutoka Machame baada ya Krismasi tutakuja naye asimamie mbele.

Nililia siku hiyo, na sikulia kwa huzuni. Nililia kwa hasira. Duka lile nilikuwa nalijua kuliko chumba changu. Ningeweza kufumba macho nikakwambia kitenge hiki kitafifia na hiki hakififii. Na lilikuwa linaondoka kwa sababu ya kope moja.

Hospitali sikuenda kwa ajili ya jicho, nilienda kwa ajili ya shingo, kwa kuwa msuli wa upande mmoja ulikuwa umekakamaa mpaka silali. Daktari alinitazama kwa muda, akaniuliza imeanza lini, kisha akaniambia jina. Tiki, yaani viungo kujichezea vyenyewe. Hadi leo nacheka nikikumbuka, ukubwa wote ule wa mateso na jina lenyewe ni dogo hivyo. Akasema yapo matibabu yasiyo ya vidonge, akanielekeza jengo la nyuma, kwa mwanasaikolojia.

Jengo la nyuma ni la afya ya akili. Nilijifunika kanga kichwani kama ninayekwenda msibani, nikaomba Mungu nisikutane na mtu wa Kariakoo. Nikakaa kwenye benchi. Pembeni yangu alikuwepo mzee mmoja mstaafu wa bandarini, na kila baada ya muda bega lake lilipanda juu kama linakataa jambo. Shingo yangu ikarushwa. Bega lake likapanda. Shingo yangu ikajibu. Tukatazamana.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Toa hiyo kanga, utapata joto bure. Hapa hakuna anayekutazama."

Nikatoa kanga. Akanimegea nusu ya andazi lake. Tulikaa asubuhi nzima, yeye na bega lake, mimi na shingo yangu, na kwa mara ya kwanza katika maisha yangu nilisubiri mahali bila kujibana. Baadaye nilikuja kuzoea benchi lile, nikaanza kuwahi makusudi ili nimkute.

Mwanasaikolojia aliitwa Bi. Zuhura. Alikuwa mdogo kwangu, amevaa baibui lililopigwa pasi vizuri, na meza yake ilinukia udi kwa mbali. Nilipomweleza habari za Mama Tumaini na Chande, sikuhitaji kufafanua. Ukoo wao ni Waarabu wa mjini, wana duka la mazulia mitaa ya nyuma yetu, naye alikulia humo humo.

"Kwa hiyo walidhani unawapiga cha juu!" alisema, akacheka hadi akashika mdomo. "Samahani dada Aika. Lakini hiyo ni Kariakoo tupu."

Nilimpenda hapo hapo.

Nilipomwambia Mama kwamba naanza tiba ya tabia, alikasirika. "Tabia? Nani amesema mwanangu ana tabia mbaya?" Ilibidi nimweleze mara nyingi kwamba hakuna anayenilaumu. Tiki inatoka mwilini, huanzishi wewe. Ila kuna mazoezi ya kufanya inapokuja, na ukiyazoea, mwili unayazoea.

Swali la kwanza la Bi. Zuhura lilinishangaza. "Kabla jicho halijakonyeza, linabisha hodi wapi?"

Nikamwambia halibishi, linaingia tu. Akasema nikae nilisikilize. Kwa wiki za mwanzo kazi yangu ilikuwa hiyo peke yake, kuligundua kabla halijafika. Na nikwambie ukweli ili usije ukakata tamaa kama nilivyotaka mimi: mwanzoni lilizidi. Kulifikiria tu kulilichokoza. Kule stoo nilikuwa na kioo kirefu ambacho wateja hujitazamia na kitenge mabegani, nikawa nasimama mbele yake mpaka nikajichukia uso.

Kisha siku moja, nikiwa nimeshika kamba ya robota, nikalisikia. Kitu kama chembe ya mchanga yenye joto, chini ya nyusi, inayokuambia konyeza upate nafuu. Nilikimbia chini kumwambia Baba. "Baba, nimelikamata!" Mteja mmoja alidhani nimekamata panya.

Baada ya hapo ndipo nilipofundishwa zoezi la badala. Chembe ikija, silifinyi jicho kwa nguvu. Ninashusha macho taratibu, ninapepesa kope zote mbili polepole kwa kupenda kwangu, huku navuta pumzi kwa pua, mpaka ile chembe ichoke iondoke. Ya shingo ni kuvuta kidevu ndani kidogo na kukaza shingo kwa upole ukiwa unatazama mbele, kama mtu anayepigwa picha ya pasipoti. Ukimtazama anayefanya, huoni kitu. Ila mimi niliyekuwa ndani, jamani, ni kama kuzuia chafya mbele ya askofu. Nilitoka pale natoka jasho la kwapani.

Tulifanyia kazi tiki moja baada ya nyingine, tukianza na inayonigharimu zaidi. Bi. Zuhura alikuwa akijifanya mteja. Alikuwa mteja mbaya kuliko wote niliowahi kuhudumia. "Hiki kitenge kinachuja! Punguza! Mbona unanitazama hivyo?" Nami natakiwa kujibu bei, kupumua, na kusubiri chembe ipite, vyote kwa pamoja. Siku niliyofaulu kumaliza biashara nzima bila kukonyeza, alinipigia makofi, na wauguzi wa chumba cha pili wakachungulia.

Lakini kaunta halisi sikuwa nayo. Akaniuliza, "Jicho likikonyeza mbele ya mteja, kwenu huwa kinatokea nini?" Nilipomjibu, aliweka kalamu chini akasema anahitaji kuwaona wazazi.

Kumtoa Baba dukani siku ya kazi si mchezo. Mchagga wa Kariakoo anafunga duka kwa msiba, harusi na Krismasi. Jumanne tuliyopangiwa alivaa suti yake ya kanisani, akafunga mlango saa nne asubuhi, na kabla hatujafika hospitali majirani walishampigia Mama simu kuuliza msiba uko wapi.

"Mzee," Bi. Zuhura alimwuliza baada ya shikamoo, "jicho la Aika likicheza mbele ya mteja, wewe unafanyaje?"

"Namwambia apande juu apumzike."

"Na wewe, mama?"

"Namkumbusha tu. Namwambia, Aika, jicho."

"Likishakumbushwa linatulia?"

Mama alimtazama Baba, Baba akatazama viatu vyake. "Linazidi," Mama alisema.

Bi. Zuhura alizungumza nao kwa adabu kama mkwe. Alisema mwili wangu umeshajua kwamba tiki ikija nitaondolewa, na ninaposimama nikisubiri kuondolewa, tiki inakuja zaidi. Akasema jicho likicheza, wao wasiseme neno, waendelee na walilokuwa wanafanya. Wakiniona nafanya zoezi, waniambie hongera, basi. "Mnampenda, hilo halina ubishi," alisema. "Lakini naomba mwache kumwokoa."

"Na mteja akikasirika?" Baba aliuliza.

"Atakuwa mteja wa Aika, mzee. Aika ana mdomo."

Koridoni Baba alisimama karibu na dirisha. Alisema, "Mimi nilidhani nakufunika, mwanangu."

"Ulinificha, Baba," nilimjibu. Sikuwahi kumjibu Baba hivyo. Lakini sikulirudisha neno.

Aligeuka kutoka dirishani. Kisha akanishika mkono, akasema, "Pole." Kwetu mzazi hasemi pole kwa mtoto kirahisi. Mama alijifanya anatafuta kitu kwenye pochi. Tukiwa njiani kurudi, Baba akasema nitakaa mbele hadi Krismasi, na kuhusu binamu tutaona.

Wiki zilizofuata nyumbani zilikuwa vichekesho. Mama alikuwa akiona jicho langu linacheza mezani, anafungua mdomo, anakumbuka, anaujaza wali. Alinenepa yeye safari hii. Jumamosi moja ametoka Feri na samaki wake, nilifanya zoezi la shingo pale jikoni, naye, asijue hongera isemwe vipi, akaacha kisu akapiga kigelegele. Nikamwambia Mama, hongera ya kawaida inatosha.

Vuli ilipoanza, msuli wa shingo ulikuwa umelainika. Nililala ubavu niliokuwa nimeusahau. Koo lilikoroma mara chache, na wakati wa ibada niliweza kusikia mahubiri badala ya kujisikia mwenyewe. Kulikuwa na siku mbaya. Nilipopata homa tiki zote zilirudi kwa pamoja, na kuna asubuhi niliyomwambia Bi. Zuhura kwamba ananipotezea muda. Alinisikiliza, akanipa chai, tukarudia zoezi la mwanzo. Yule mzee wa bandarini aliniambia bega lake nalo lina wiki zake, na kwamba siku nzuri haifutwi na siku mbaya iliyofuata. Nakwambia na wewe hivyo hivyo.

Ikafika Desemba. Kama hujawahi kusimama Kariakoo wiki ya kabla ya Krismasi, siwezi kukueleza. Watu wanapita ubavu, mikokoteni inapiga honi za mdomo, na kila mtu anataka mzigo wake upande basi jioni hiyo hiyo. Baba alikuwa amekaa kwenye kigoda nyuma yangu, magoti yamevimba. Nilikuwa nimevaa hereni ndefu, za dhahabu ya bandia, kwa sababu nilitaka.

Mama Tumaini akaingia. Nyuma yake, Chande.

Hakunisalimu vizuri. Alipita kwenye majora, akaweka mkono juu ya moja, jekundu lenye maua meupe, akainua macho na kuyagandisha usoni mwangu.

"Hili bei gani?"

Chembe ya mchanga ikaja. Ilikuja na joto la siku zote za stoo. Nilimsikia Baba nyuma yangu akiacha kupumua. Nikashusha macho, nikapepesa polepole, nikavuta pumzi ndefu ya pua. Chembe ikakaza. Nikasubiri. Mama Tumaini naye akasubiri. Nikaisikia inalegea, inalegea, imekwisha.

Nikainua macho ili nimtajie bei, na juu ya bega lake nikamwona Chande. Alikuwa ananikonyeza. Si kidogo, alikuwa anakonyeza na shavu zima.

"Chande," nilisema kwa sauti ya duka zima kusikia, "jicho lako limeanza lini? Usilipuuze kaka yangu, mimi nina daktari mzuri sana."

Duka lilipasuka kwa kicheko. Mama Tumaini aligeuka mzima mzima, akamkuta Chande jicho moja bado limefumba. "Sista Aika bana," Chande alisema, "unaniua mchana kweupe." Akarudi nyuma, akapotelea kwenye watu. Nikamtajia Mama Tumaini bei ile ile ninayomtajia kila mtu. Na hapo, bei imeshatajwa, nimeshapumzika, jicho langu likakonyeza.

Mama Tumaini aliliona. Nilimwona alivyoliona.

"Kumbe ni ugonjwa," alisema taratibu.

"Ni tiki, mama yangu. Inakuja, inapita. Bei ni hiyo hiyo."

Akapiga kiganja juu ya jora. "Nifungie robota zima. Na lile la kijani nililoliacha masika, lipo?"

Lilikuwepo, juu, nyuma kabisa, mimi ndiye niliyelipanga. Nikageuka kuelekea ngazi kama nilivyozoea. Baba alikuwa ameshasimama. Alinishika bega akanirudisha kwenye kaunta.

"Kaa hapo, mama," aliniambia. "Una mteja."

Akapanda mwenyewe, kwa magoti yale, kidato kwa kidato, na nikamsikia juu akivuta marobota na kuguna.

Krismasi tulikwenda Machame kama kila mwaka. Nilikaa kanisani benchi la mbele na hereni zangu. Jicho lilikonyeza wakati wa mahubiri, na Mama alitazama mbele na kuendelea kuimba. Siku ya kurudi, binamu yangu alikuja kutuaga tu. Kwenye kiti cha nyuma cha gari letu alichokuwa amewekewa, Baba alipakia mikungu miwili ya ndizi, akaifunga mkanda.